Usisubiri aongee: dalili za awali za usonji na namna ubongo wa mtoto unavyopokea sauti, mwanga na mguso

Ndugu wanajukwaa, salaam.

Mwanangu wa pili ana miaka tisa sasa. Alipokuwa na mwaka mmoja na miezi minne tulikuwa tunaishi Tabata, na alikuwa na tabia iliyotuchanganya nyumba nzima. Bibi yake alikuwa akikaa nyuma yake mkekani, anamwita jina mara tatu, mara nne, kwanza kwa sauti ya kawaida kisha kwa sauti ya juu, naye hageuki. Anaendelea kuzungusha kifuniko cha sufuria sakafuni huku akikitazama kwa pembe ya jicho. Lakini mtu akifungua pakiti ya biskuti jikoni, tena mlango ukiwa umefungwa, mtoto anafika mbio. Ndege zinazoshuka kuelekea uwanja wa Julius Nyerere alikuwa akizisikia kabla yetu, kwani tulimwona akiziba masikio, na sekunde chache baadaye ndipo sisi tuliposikia muungurumo. Baba yake alisema ni kiburi. Shangazi yake alisema ni kiziwi. Mimi nilishika neno nililopewa na kila jirani, kwamba watoto wa kiume huchelewa kuongea na kwamba ataongea tu, nikalishikilia kwa zaidi ya mwaka mzima.

Neno hilo ndilo lililonisukuma kuandika uzi huu. Wazazi wengi tunasubiri maneno, na maneno yasipokuja tunaongeza muda wa kusubiri, ilhali dalili za usonji hutangulia maneno kwa miezi mingi. Nyingi kati yake zinaonekana katika namna mtoto anavyopokea sauti, mwanga, mguso, ladha na mwendo wa mwili wake mwenyewe, na kwa kuwa hakuna aliyetufundisha kuzisoma, tunaziita utundu, kudeka, au jambo la kupelekwa kwa mganga.

Usonji, kwa Kiingereza autism, ni tofauti katika ukuaji wa ubongo inayogusa namna mtu anavyowasiliana na wenzake na anavyopokea hisi, ambayo huanza kabla ya mtoto kuzaliwa, na mchango wa urithi ndani yake ni mkubwa. Hautokani na malezi mabaya. Zamani wapo wataalamu waliowalaumu akina mama kwamba ni baridi kwa watoto wao, na wanawake wengi waliteseka kwa lawama hiyo mpaka utafiti wa mapacha uliofanyika Uingereza mwaka 1977 ulipoonyesha kwamba pacha wa kufanana hushirikiana hali hii mara nyingi zaidi kuliko pacha wasiofanana. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba mwaka 2021 takriban mtu 1 kati ya 127 duniani alikuwa na usonji. Sensa ya mwaka 2022 iliukuta mkoa wetu na watu 5,383,728. Kama kiwango hicho kinafanana na cha kwetu, basi tunazungumzia zaidi ya watu 40,000 ndani ya Dar es Salaam peke yake. Wako wapi? Wengi wako majumbani, na wengine wako darasani wakiadhibiwa.

Sasa niingie kwenye dalili zenyewe. Mtoto anayekua kwa mwendo uliozoeleka, akifika miezi tisa hivi, hugeuka anapoitwa jina lake. Akifika mwaka mmoja hupunga mkono wa kwaheri, hunyoosha mikono abebwe, na hutikisa kichwa kukataa. Dalili ambayo mimi naipa uzito kuliko nyingine zote ni kidole. Kuna kidole cha kuomba, ambapo mtoto anaonyesha kikombe kwa sababu ana kiu, na kuna kidole cha kushirikisha, ambapo anaonyesha ndege angani, kisha anageuka kuutazama uso wa mama yake ili ahakikishe kwamba mama naye ameiona. Hicho cha pili hakiombi kitu chochote isipokuwa kuona pamoja. Mtoto wa miezi 18 ambaye hana kidole hicho anahitaji kuchunguzwa, hata kama ana maneno matano. Mwanangu alikuwa akinishika kiganja na kukipeleka kwenye kitasa cha mlango kana kwamba mkono wangu ni ufunguo, bila kuniangalia usoni. Nilidhani ni akili nyingi. Ilikuwa akili kweli, lakini ilikuwa pia dalili.

Mwaka 1994 watafiti wawili wa Seattle, Marekani, walikusanya video za sherehe za kutimiza mwaka mmoja za watoto 22, nusu yao wakiwa wamekuja kutambuliwa baadaye kuwa na usonji. Walichohesabu ni mambo manne ya kawaida kabisa, yaani kutazama nyuso za watu, kuitikia jina, kuonyesha kwa kidole, na kumpelekea mtu kitu ili akione. Kwa mambo hayo waliweza kuwapambanua 10 kati ya 11 katika kila kundi. Familia zile zilikuwa zikikata keki mbele ya dalili bila kujua. Wenye video za namna hiyo kwenye simu zao, naomba wazifungue tena leo jioni na wazitazame kwa jicho hilo.

Yapo mengine yanayoambatana na hayo, kama vile kupepea mikono anapofurahi au anapoelemewa, kutembea kwa kuchuchumia, kupanga vizibo vya soda kwa mstari na kulia mtu akikisogeza kimoja, kurudia maneno ya tangazo la redio badala ya kujibu swali, na kupoteza maneno aliyokwishayapata. Hilo la mwisho lisisubiriwe hata wiki moja. Dalili moja peke yake haimfanyi mtoto kuwa na usonji. Kinachotafutwa ni mkusanyiko wake na kudumu kwake. Kwa mabinti tuwe waangalifu zaidi, maana wengi huiga wenzao vizuri na kujificha ndani ya ukimya ambao sisi tunausifu kuwa ni adabu.

Nije sasa kwenye milango ya fahamu, ambako ndiko moyo wangu uliko.

Daktari Leo Kanner, aliyeandika mwaka 1943 kule Baltimore kuhusu watoto 11, alitaja mambo yaliyowatisha watoto hao: mashine za kufyonza vumbi, lifti, maji yanayotiririka, majiko ya gesi, vifaa vya kupigia mayai, hata upepo. Nilipoisoma orodha hiyo nililia, kwa sababu nilimwona mwanangu siku niliyowasha blenda ya juisi ya pasheni: alijibana kati ya friji na ukuta, viganja vimeziba masikio, macho yamefumbwa, na mkojo unachuruzika miguuni. Ilipita miaka 70 tangu andiko hilo hadi mwaka 2013, ndipo mwongozo wa uchunguzi unaotumiwa na madaktari wa Marekani ulipoandika waziwazi kwamba hisi kuzidi au kupungua ni miongoni mwa alama za usonji.

Kinatokea nini ndani ya kichwa? Taarifa karibu zote za hisi, isipokuwa harufu, hupitia kwanza kwenye kituo kilicho katikati ya ubongo kiitwacho talamasi, ambacho husaidia kuamua kipi kipite kwa nguvu na kipi kipunguzwe. Halafu chembe za ubongo hupelekeana ujumbe wa aina mbili, wa kuamsha na wa kutuliza, na kemikali kuu ya kutuliza inaitwa gaba. Tangu mwaka 2003 wapo wanasayansi wanaoshikilia kwamba katika baadhi ya aina za usonji mizani hiyo imeegemea upande wa kuamsha, hivyo kile ambacho wengine wanakipata kama mnong'ono, ubongo huo unakipata kama kelele. Wewe uliyekaa hapa unasoma umeshasahau feni inayozunguka juu yako, umeshasahau mshono wa shati begani, umeshasahau muziki wa baa ya jirani. Ubongo wako umezoea. Utafiti wa mwaka 2015 wa Los Angeles uliwapima vijana wenye usonji kwa kelele zinazoudhi na kitambaa cha sufu kinachokwaruza, ukaona kwamba kwa wale wenye hisi kali, amigdala, yaani sehemu ya ubongo inayohusika na hofu, haikupoa kama ya wengine kadiri kero ilivyorudiwa. Maana yake ni kwamba mara ya kumi inaweza kuuma sawa na mara ya kwanza. Kwa hiyo ule ushauri wa "mpeleke Kariakoo kila Jumamosi atazoea" unaweza kumwumiza mtoto kila Jumamosi.

Upo pia upande wa muda. Watafiti wa Philadelphia mwaka 2010 walipima mawimbi ya ubongo wa watoto wakisikilizishwa milio, wakakuta kwamba kwa wenye usonji ubongo uliitikia kwa kuchelewa takriban milisekunde 11. Ni muda mdogo sana masikioni petu, lakini usemi ni silabi zinazofuatana upesi, na msikilizaji anayechelewa kidogo kwenye kila silabi anafika mwisho wa sentensi akiwa amechoka. Tangu nilipolielewa hilo nilijifunza kusema maneno mawili, kisha kunyamaza, nikihesabu moyoni hadi kumi kabla ya kurudia. Mara nyingi jibu lilikuja kwenye saba au nane. Kumbe miaka yote ile nilikuwa namkatiza mtoto aliyekuwa njiani kunijibu.

Nadharia nyingine, iliyotolewa mwaka 2012, inaeleza kwamba ubongo hubashiri kinachokuja kwa kutumia yaliyopita, na kwamba kwa mtu mwenye usonji ubashiri huo una uzito mdogo, hivyo kila kitu kinamfikia kikiwa kibichi. Sidai kwamba suala limekwisha kwa nadharia hii, lakini inanisaidia kuelewa kwa nini mwanangu alipiga yowe siku bajaji ilipopita njia ya ndani kukwepa foleni ya Buguruni. Njia ile ile ilikuwa ndiyo pumziko lake.

Nisiache kueleza upande wa pili, kwani wapo watoto ambao hisi zao ziko chini, na mtoto mmoja anaweza kuwa na vyote viwili. Hao huanguka, wakachubuka goti, wasilie. Hujizungusha kama pia bila kizunguzungu. Hujigonga kwenye makochi. Hupenda kubanwa na kufunikwa blanketi zito katika joto la Dar. Zaidi ya hisi tano tulizofundishwa shuleni, kuna ya mizani iliyo ndani ya sikio, kuna ya misuli na viungo inayomwambia mtu mkono wake uko wapi, na kuna ya ndani ya mwili inayotoa habari za njaa, haja na maumivu. Mtoto asiyeisikia vizuri hiyo ya mwisho akichelewa kuacha kujikojolea, si ukaidi.

Naishia hapa kwa sasa. Wenye maswali karibuni.

Baba Zawadi (Kigamboni) ameandika:

Dada mleta uzi, shikamoo kama umenizidi umri, na ahsante sana. Binti yetu alikuwa na maneno sita. Alipochomwa chanjo ya miezi 18 yakaanza kupotea, na sasa mama yake hataki mdogo wake achanjwe. Nisaidie nimwambie nini, maana nami nina shaka.

Mleta uzi ameandika:

Marahaba kaka, na pole sana. Kupoteza maneno aliyokuwa nayo mtoto ni msiba ambao watu hawaji kuhani. Mama yake hajakosea alichokiona. Kilichopotea kilipotea kweli, na wakati huo huo. Lakini umri ambao baadhi ya watoto wenye usonji hupoteza maneno, kati ya mwaka mmoja na nusu na miaka miwili, ndio umri ambao ratiba yetu inaweka chanjo ya pili ya surua na rubela. Mambo mawili yamekutana mlangoni bila moja kulileta jingine. Habari kwamba chanjo huleta usonji ilitokana na andiko la mwaka 1998 la Uingereza lililohusu watoto 12, na jarida lililolichapisha lilifuta andiko hilo mwaka 2010. Mwaka 2019 Denmark ilitoa matokeo ya kufuatilia watoto 657,461, na waliochanjwa dhidi ya surua, matubwitubwi na rubela hawakuwa na usonji zaidi ya wasiochanjwa. Tena upo utafiti wa Atlanta wa mwaka 2013, ambapo mashine za kufuatilia mboni zilionyesha kwamba watoto waliokuja kutambuliwa kuwa na usonji walianza kupunguza kutazama macho ya watu kati ya mwezi wa pili na wa sita. Sisi chanjo ya kwanza ya surua tunaipata mwezi wa tisa. Mwambie mama hayo kwa upole, si kwa kushindana naye, na mdogo mtu achanjwe, kwani surua inaua.

Mwalimu wa Temeke ameandika:

Nafundisha darasa la kwanza lenye watoto wengi kupita kiasi. Nilikuwa na mvulana aliyeingia chini ya dawati kila kengele ilipogongwa. Kengele yetu ni rimu ya gari iliyotundikwa kwenye mwarobaini, hatua chache kutoka dirishani. Nilimchapa mara mbili, na ninaandika hivi nikiwa na majuto. Baadaye mama yake alinieleza. Nikamhamishia upande wa pili wa darasa, na dakika moja kabla ya kengele nikawa namgusa begani kwa kiganja kizima, kwa uzito, kwa sababu mguso mwepesi ulimshtua zaidi. Aliziba masikio, kengele ikalia, akaendelea kuandika. Ndani ya majuma matatu alikuwa ameacha kuingia chini ya dawati. Je, mguso mzito una tofauti gani na mwepesi?

Mleta uzi ameandika:

Mwalimu, Mungu akubariki kwa kusema wazi. Mguso mwepesi, kama wa nywele au lebo ya kola, na mguso wa kubana husafirishwa na vipokezi tofauti vya ngozi na misuli, na watu wengi wenye usonji wanasimulia kwamba ule mwepesi unawachoma huku wa kubana ukiwatuliza. Temple Grandin, mtaalamu wa mifugo wa Marekani mwenye usonji, alijitengenezea akiwa kijana kifaa cha mbao cha kumbana mwili baada ya kuona ng'ombe wanavyotulia wanapobanwa kwenye kizimba cha chanjo. Kuna pia utafiti wa panya wa mwaka 2016, wa Boston, ambapo jeni zinazohusishwa na usonji ziliharibiwa kwenye mishipa ya fahamu ya mguso tu, nje ya ubongo. Panya walioharibiwa mapema walikua wakiwa na woga na kujitenga. Walioharibiwa wakiwa wakubwa, mguso uliwasumbua lakini hawakujitenga. Panya si mtoto, najua. Hata hivyo unanionyesha kwamba kinachoingia kupitia ngozi utotoni kinaweza kujenga namna kiumbe anavyowakaribia wenzake, na ndiyo sababu nahimiza mapema.

Mama Nuru (Mbagala) ameandika:

Wifi zangu wanasema ni simu, kwamba nimempa mtoto katuni mno. Ana miaka miwili na miezi miwili, haongei, hageuki nikimwita, hali chochote isipokuwa wali mweupe na mkate. Je, nimemsababishia mimi? Na kesho kutwa nikienda kliniki nianzie wapi?

Mleta uzi ameandika:

Mama Nuru, hujamsababishia usonji, wala katuni hazijausababisha. Saa nyingi za simu zinamnyima mtoto mazungumzo, kwa hiyo zipunguze sana, lakini usikubali mtu akuambie uzime simu kisha usubiri miezi sita uone. Fanya yote mawili kwa pamoja. Chakula usimlazimishe, wali na mkate vina rangi moja na ulaini mmoja, havimshtukizi kinywani, kwa hiyo mwongezee kitu kipya kidogo sana pembeni ya sahani bila kumtaka akile.

Anza na masikio, kwa sababu uziwi hufanana na usonji kwa umri huo, na kipimo cha kusikia kinapatikana Muhimbili. Kipimo kikiwa sawa, usirudi nyumbani ukasherehekea kama nilivyofanya mimi. Omba rufaa ya daktari wa watoto au wa afya ya akili ya watoto, na umtaje mtaalamu wa tiba kwa vitendo, yule anayemsaidia mtoto kumudu shughuli za kila siku, pamoja na wa matamshi. Uliza kuhusu dodoso liitwalo M-CHAT, lenye maswali 20, la watoto wa miezi 16 hadi 30. Halimthibitishi mtoto kuwa na usonji, ila linaonyesha nani achunguzwe zaidi, na Nuru bado yumo ndani ya umri huo kwa miezi minne. Mtu akikuuzia dawa ya kuponya usonji, iwe ya kunywa au ya kusafisha tumbo, ondoka.

Mimi niliporudi na wasiwasi wangu, mhudumu wa kituo kimoja alimpima mtoto uzito, akatazama mstari kwenye kadi, akasema anakua vizuri na nipunguze kumdekeza. Kadi ilikuwa sahihi, na mtoto hakuonekana. Kwa hiyo nenda na video tatu fupi kwenye simu yako: moja ukimwita jina akiwa anacheza, moja akitaka kitu asichokifikia, na moja ya kitu kinachomtisha, usiichochee, ichukue tu ikitokea. Mezani kwa daktari, katika dakika tano na kelele za foleni, mtoto anaweza kunyamaza na kukaa kama malaika. Nenda asubuhi na mapema kabla umati haujajaa, mvalishe nguo aliyoizoea iliyokatwa lebo, na ubebe kile kifuniko au kizibo anachokipenda. Ukirudi, andika hapa walichokuambia.